Mohamed Husen: Askari wa Dar es Salaam aliyeishia kwenye filamu za Wajerumani

Habari za Carl Peters wengi tulizisoma shuleni: Mjerumani aliyezunguka Usagara mwaka 1884 akiwasainisha machifu mikataba, na ambaye wenyeji walimwita Mkono wa Damu. Mwaka 1941 Wajerumani walitengeneza filamu ya kumsifu. Mwafrika anayeongozana naye katika filamu hiyo, kwa jina la Ramasan, ni mzaliwa wa Dar es Salaam.

Alizaliwa tarehe 22 Februari 1904, akaitwa Mahjub bin Adam Mohamed. Ujerumani walimjua kama Bayume Mohamed Husen. Baba yake alikuwa Msudani, askari wa jeshi la Wajerumani. Vita Kuu ya Kwanza ilipoanza mwaka 1914, Husen akaingia jeshini pamoja na baba yake. Alikuwa na miaka 10 tu! Oktoba 1917, katika mapigano ya Mahiwa kule Lindi, alijeruhiwa na Waingereza wakamteka. Ndiyo maana hakuwamo katika kikosi cha Lettow-Vorbeck kilichokuja kuweka silaha chini Novemba 1918 pale Mbala, Zambia ya leo.

Vita vikaisha, lakini mshahara haukulipwa, si wake wala wa baba yake. Husen akafanya kazi melini, na mwaka 1929 akafika Berlin, akaenda kuidai hela hiyo Wizara ya Mambo ya Nje. Akajibiwa kwamba amechelewa.

Akabaki hukohuko. Alihudumia wateja katika Haus Vaterland, jumba kubwa la starehe, na akafundisha Kiswahili chuo kikuu kwa malipo madogo. Januari 1933, siku chache kabla Hitler hajashika madaraka, alimwoa Maria Schwandner.

Ujerumani ilikuwa imenyang'anywa makoloni yake, na Wanazi waliyataka tena. Filamu za kuisifu Afrika ya Wajerumani zikawa na soko, na watengenezaji wakatafuta Waafrika wa kusimama mbele ya kamera. Kuanzia mwaka 1934 hadi 1941 Husen alionekana katika filamu zisizopungua 20. Mojawapo ni Die Reiter von Deutsch-Ostafrika ya mwaka 1934, inayohusu vita vilevile alivyopigana akiwa mtoto. Nyingine ni Zu neuen Ufern ya mwaka 1937, akiwa pamoja na nyota Zarah Leander. Mara nyingi alipewa nafasi ndogo, za utumishi.

Je, alikuwa kibaraka? Wako wanaosema hivyo, nami siwezi kuwabishia moja kwa moja, maana sare ya askari aliivaa kwa fahari na mwaka 1934 aliomba nishani ya waliopigana vita. Wakamnyima. Ila mtu mwenye mke na watoto, katika nchi inayomfungia milango ya kazi kwa sababu ya rangi yake, filamu ilimpa riziki. Mimi namwona kama mtu aliyewaamini waajiri wake kupita kiasi.

Filamu ya Carl Peters ndiyo ikawa ya mwisho. Wakati huo alikuwa na uhusiano na mwanamke wa Kijerumani, na serikali ilikuwa ikiwaandama Waafrika kwa uhusiano wa aina hiyo. Akachongewa. Polisi wa siri, Gestapo, wakamkamata mwaka 1941, na bila kufikishwa mahakamani akapelekwa kambi ya mateso ya Sachsenhausen, karibu na Berlin. Alikaa humo miaka mitatu, akafia humo tarehe 24 Novemba 1944.

Mwaka 1964 Ujerumani Magharibi iliamua kuwalipa askari wa zamani wa Afrika Mashariki waliokuwa bado hai. Husen alikuwa ameshafariki miaka 20.

Tangu mwaka 2007 kuna kibao kidogo cha shaba chenye jina lake, kimelazwa njiani mbele ya nyumba aliyoishi mtaa wa Brunnenstraße, Berlin. Na mwaka 2013 mwongozaji Eva Knopf alivikusanya vipande vyake vya zamani katika filamu iitwayo Majubs Reise. Vingine ni vya sekunde chache tu.