Essie Coffey

Essie Coffey (1941 – 3 Januari 1998) alikuwa mwongozaji wa filamu, mwimbaji na mtetezi wa haki za Waaborijini, wenyeji asilia wa Australia. Anakumbukwa hasa kwa filamu yake My Survival as an Aboriginal ya mwaka 1978, ambayo mara nyingi hutajwa kuwa filamu ya hali halisi ya kwanza kuongozwa na mwanamke wa Kiaborijini.

Maisha ya awali

Alizaliwa karibu na Goodooga, kaskazini mwa jimbo la New South Wales, katika kabila la Wamuruwari. Wakati huo serikali iliwahamisha Waaborijini wengi kwa nguvu na kuwaweka katika makazi yaliyosimamiwa na maofisa wake. Familia yake iliepuka hali hiyo kwa kuhamahama na kufanya vibarua mashambani. Hivyo Essie alikua akijifunza porini elimu ya wazee wake.

Baadaye aliishi Brewarrina, mji mdogo kando ya mto Barwon, katika mtaa wa Waaborijini uliopewa jina la utani "Dodge City". Yeye na mume wake walizaa watoto wanane na kulea wengine wengi.

Filamu

Mwaka 1977 aliigiza katika Backroads, filamu ya Phillip Noyce. Mwaka uliofuata aliongoza filamu yake mwenyewe, akishirikiana na mpigapicha Martha Ansara.

Kabla ya hapo, filamu nyingi kuhusu Waaborijini zilitengenezwa na Wazungu, na wenyeji walionyeshwa kama watu wa kuchunguzwa tu. Coffey alibadilisha mpangilio huo: yeye ndiye msimulizi, na mahali ni kwao. Anawapeleka watoto porini kuwafundisha kutafuta chakula na kufuata nyayo za wanyama, mambo ambayo shule haikuwafundisha. Hafichi umaskini, ulevi wala ubaguzi uliowakabili watu wake, lakini anaonyesha pia kwamba utamaduni wao bado uko hai. Nyimbo zake mwenyewe zinasikika ndani yake.

Filamu hiyo ilipata tuzo katika Tamasha la Filamu la Sydney mwaka 1979. Mwaka 1988, Malkia Elizabeth II alipofungua jengo jipya la bunge mjini Canberra, Coffey alimpa nakala yake. Mwaka 1993 alitoa filamu ya pili, My Life As I Live It, inayorudi kwa jamii ileile baada ya miaka 15.

Harakati

Coffey alikuwa miongoni mwa waanzilishi wa shirika la msaada wa kisheria kwa Waaborijini wa magharibi mwa New South Wales. Pia alikuwa miongoni mwa wajumbe wa kwanza wa Baraza la Maridhiano ya Waaborijini lililoundwa mwaka 1991. Alikataa nishani ya MBE ya Dola la Uingereza, lakini mwaka 1985 alipokea Medali ya Order of Australia.

Alifariki mwaka 1998. Filamu yake ya kwanza imeendelea kutumika katika elimu nchini Australia.