Mwana Kupona na Bintiye

Wengi wetu tumelisikia jina la Mwana Kupona binti Mshamu tangu udogoni, vinywani mwa mama na nyanya zetu, lakini wazijuao habari zake ni wachache. Kwa hivyo tumeona vyema kuyaandika haya.

Bibi huyu alizaliwa kisiwani Pate mwanzoni mwa karne ya 19, akaolewa na Bwana Mataka, mtawala wa Siu. Siu ya siku zile si hii aionayo msafiri apitaye leo. Ulikuwa mji wa wanazuoni na mafundi, na misahafu iliyonakiliwa huko kwa mkono yahesabiwa mpaka sasa katika kazi bora za pwani yetu. Ulikuwa mji wa vita pia: katika miaka ya 1840 Sayyid Said bin Sultan alipeleka jeshi lake kuutiisha, likashindwa.

Bwana Mataka alifariki mwaka 1856, akamwachia mkewe watoto wawili, mwanamume na mwanamke. Huyo mwanamke ndiye Mwana Hashima. Haukupita muda mrefu, mama naye akashikwa na maradhi yaliyomkalia mwaka mzima. Mume hayupo, mji una maadui, binti bado hajatimiza miaka 20, na mafunzo aliyotaka kumpa hajawahi kumpa. Basi mwaka 1858, sawa na 1275 Hijria, akatunga wosia wake kwa utendi wa beti 102. Kwa mujibu wa mwanzo wa utendi wenyewe, alimwita binti amkaribie na wino na karatasi. Miaka michache baadaye akafariki dunia, Mola amrehemu.

Wengi wautajapo wosia huu hawataji ila haki za mume. Sisi twaona huko ni kuupunja. Mama huyu alianza na dini, akamhimiza mwanawe kushika faradhi na suna. Akafuatia adabu, ukweli wa ulimi na kuwahurumia wahitaji. Ndipo akaingia katika mambo ya nyumba. Mwisho aliomba dua ndefu kwa ajili ya wanawe, jamaa zake na Waislamu wote. Aliwataka na wanawake wengine wausome, kwa hiyo hakuuandika uwe siri ya mama na mwana. Na yule asemaye kuwa kumsomesha binti ni jambo geni lililoletwa juzi, na atuambie ni nani aliyemfundisha Mwana Kupona.

Mwana Hashima aliishi mpaka karne ya 20, na katika uhai wake utendi ule ulinakiliwa ukaenea Lamu na kwingineko. Waliouhifadhi zaidi ni wanawake, wengine kwa kuandika, wengine kwa moyo. Tusilichukulie hilo jambo dogo. Ni tungo ngapi za wazee wetu zilizoliwa na mchwa ndani ya makasha, au zilizotupwa na wajukuu wasiojua kilichoandikwa! Tungo hii ilikuwa na mwenyewe aliyetungiwa, naye akawa hai miaka mingi.

Baadaye walikuja wageni. Bibi Alice Werner, Mwingereza, aliuchapisha mwaka 1917, kisha tena mwaka 1934 pamoja na William Hichens. Huko Lamu, Muhammad bin Abubakar Kijumwa, mshairi na fundi wa hati, alikuwa akiwanakilia wageni kama hao tungo nyingi za kale kwa mkono wake, hadi alipofariki mwaka 1945. Mwaka 1971 J. W. T. Allen akautia katika kitabu chake cha tendi, kwa herufi za Kizungu. Twashukuru, ingawa inatuuma kwamba vitukuu wengi wa wanawake wale sasa hawawezi kuusoma wosia huo ila kwa herufi hizo, maana hati aliyoandikia mama yao hawakufundishwa.