Albert Sabin, daktari aliyedhoofisha virusi vya polio ili vitone viwili vimlinde mtoto

Kampeni ya chanjo ya polio inapopita Mabanga, katika komini ya Karisimbi mjini Goma, wachanjaji huanza kazi asubuhi. Wanaingia avenyu kwa avenyu, sanduku la baridi begani, wakiuliza kila nyumba ina watoto wangapi wasiofikisha miaka mitano. Mtoto anafunguliwa mdomo, anadondoshewa vitone viwili, kisha kidole chake kinapakwa wino. Yote hayamalizi dakika mbili.

Vitone hivyo vina historia ya zaidi ya miaka 60, na mtu aliyeianzisha ni Daktari Albert Sabin, aliyefariki mwaka 1993. Alitengeneza chanjo hiyo kwa kutumia udhaifu wa virusi ambao wakati huo hakuna aliyejua unatoka wapi. Leo unajulikana. Na ndio unaoeleza kwa nini chanjo hiyo hulinda vizuri mtaa ambamo watoto wote wameipata, na kwa nini inaweza kuleta shida pale ambapo wengi wameikosa.

Mtoto wa wakimbizi

Sabin alizaliwa tarehe 26 mwezi wa nane 1906 mjini Białystok, wakati huo ukiwa chini ya ufalme wa Urusi, leo ni Polandi. Wazazi wake walikuwa Wayahudi. Mwaka 1921 familia ilikimbia mateso waliyotendewa Wayahudi, ikavuka bahari na kuhamia Paterson, katika jimbo la New Jersey nchini Marekani.

Mjomba wake aliyekuwa daktari wa meno alikubali kumlipia masomo, kwa sharti kwamba kijana naye asomee meno. Sabin alianza, lakini baada ya kusoma kitabu kuhusu wawindaji wa vijidudu alibadili njia na kuchagua udaktari wa magonjwa. Alipata shahada yake kwenye Chuo Kikuu cha New York mwaka 1931. Mwaka huohuo polio ilishambulia mji wa New York, na ugonjwa huo ukawa kazi yake ya maisha.

Polio ni ugonjwa wa siri. Watoto wengi wanaoambukizwa hawaonyeshi dalili yoyote kubwa. Lakini kwa takriban maambukizi 200, mtoto mmoja hupooza, mara nyingi miguu, na hakuna dawa ya kumrudishia nguvu zake. Ndiyo maana kinga ndiyo njia pekee.

Kosa lililochelewesha kazi

Mwaka 1936 Sabin na mwenzake Peter Olitsky walifaulu kukuza virusi vya polio maabarani, lakini katika chembe za mishipa ya fahamu peke yake. Wataalamu wengi wakaamini kwamba virusi hivyo haviishi mahali pengine mwilini. Wazo hilo lilikuwa na makosa, na lilichelewesha chanjo, kwa sababu chanjo inayotoka katika chembe za ubongo ni ya hatari kwa binadamu.

Sabin mwenyewe ndiye aliyekuwa kati ya watu walioanza kulibomoa. Alipohamia hospitali ya watoto ya Cincinnati, jimbo la Ohio, alichunguza miili ya watu waliouawa na polio. Mwaka 1941 yeye na Robert Ward walionyesha kwamba virusi vilikuwa vingi ndani ya utumbo. Polio huingia kwa mdomo, huzaliana tumboni, hutoka na choo, na mara chache tu hupenya hadi kwenye mishipa ya fahamu. Mwaka 1949 John Enders, Thomas Weller na Frederick Robbins walimaliza mjadala kwa kukuza virusi hivyo katika chembe zisizo za mishipa ya fahamu. Watatu hao walipewa tuzo ya Nobel mwaka 1954. Sabin hakuipata maishani mwake.

Kutoka hapo alifikia uamuzi uliomtofautisha na Jonas Salk. Chanjo ya Salk, iliyoidhinishwa Marekani mwaka 1955, ilikuwa sindano yenye virusi vilivyouawa. Sabin alitaka virusi vilivyo hai lakini vilivyodhoofishwa, vinywewe, vikae utumboni na kuufundisha mwili kujilinda pale pale mlangoni. Tena chanjo ya kudondosha mdomoni haihitaji sindano wala muuguzi mwenye mafunzo marefu.

Kazi ya kudhoofisha virusi ilikuwa ya uvumilivu. Sabin alivipitisha mara nyingi katika chembe za tumbili, akachagua vile vinavyozaliana vizuri, akavijaribu kwenye mishipa ya fahamu ya tumbili kuona kama vinapoozesha. Vilivyopoozesha alivitupa. Maelfu ya tumbili walitumika. Mwishowe alibaki na virusi vya aina tatu, kimoja kwa kila aina ya polio. Alivinywa yeye mwenyewe, akawapa mke wake na binti zake wawili, kisha wafungwa waliojitolea katika gereza la Chillicothe, Ohio.

Lakini hakujua ni nini hasa kilichobadilika ndani ya virusi hivyo.

Uzi mmoja wenye mkasi wake

Jibu lilianza kuonekana mwaka 1968. Wanasayansi wa Marekani, kati yao Donald Summers na Jacob Maizel, pamoja na Michael Jacobson na David Baltimore, walionyesha jinsi virusi vya polio vinavyotengeneza protini zake, yaani vipande vya kujengea mwili wake.

Kirusi cha polio hubeba maagizo yake katika uzi mmoja wa ARN, wenye herufi zaidi ya 7,400. Kikiingia katika chembe ya mtu, mitambo ya chembe hiyo husoma uzi huo kama maagizo yake yenyewe. Kwa kawaida chembe ya binadamu hutumia agizo moja kwa kutengeneza protini moja. Kirusi cha polio hufanya tofauti: maagizo yake yote husomwa kwa mkupuo mmoja, yakatoa protini moja ndefu sana, yenye viungo karibu 2,200. Protini hiyo ndefu ndiyo wataalamu huita poliprotini.

Ikibaki nzima, poliprotini haina faida kwa kirusi. Ni kama fundi nguo aliyeletewa kipande kirefu cha kitenge ambacho juu yake zimechorwa shati, suruali na kofia. Bila kukata, hakuna nguo ya kuvaa. Ajabu ni kwamba mkasi wenyewe ni sehemu ya kitenge hicho. Baadhi ya sehemu za poliprotini, zinazoitwa proteazi, huanza kukata hata kabla uzi haujamaliza kusomwa. Mkato wa kwanza hutenga sehemu ya mbele, itakayokuwa ganda la kirusi, na sehemu za nyuma, zitakazonakili ARN. Kisha mkasi mwingine hukata vipande hivyo kuwa vidogo zaidi. Mkato wa mwisho hufanyika ganda likiwa tayari limefunga ARN ndani yake, na hapo kirusi kipya huwa kimekomaa.

Mkasi wa kwanza haukati poliprotini peke yake. Hukata pia protini muhimu ambayo chembe ya mtu huihitaji ili isome maagizo yake. Chembe hushindwa kujihudumia, na mitambo yake yote hubaki kumtumikia mvamizi.

Ujuzi huo umesaidia mbali na polio. Virusi vya SIDA navyo hutengeneza protini ndefu zinazopaswa kukatwa, na baadhi ya dawa wanazotumia wagonjwa hufanya kazi kwa kuuziba mkasi huo. Dawa moja dhidi ya Covid-19 imejengwa juu ya wazo hilohilo.

Udhaifu ulioko mwanzoni mwa uzi

ARN nzima ya polio ilisomwa herufi kwa herufi mwaka 1981. Baada ya hapo ndipo virusi vya Sabin vilipolinganishwa na wazazi wao wakali. Kwa aina ya tatu, tofauti zilikuwa 10 tu kati ya herufi zaidi ya 7,400.

Katika aina zote tatu, badiliko moja muhimu lilikuwa mahali pamoja: mwanzoni mwa uzi, kabla ya maagizo ya poliprotini, pale mitambo ya chembe inaposhikilia ili ianze kusoma. Herufi moja ikibadilika hapo, mitambo haishiki vizuri. Katika utumbo kirusi bado hutengeneza poliprotini ya kutosha na kuzaliana. Katika mishipa ya fahamu kazi hiyo hudorora sana. Sabin alikuwa amechagua, kwa macho na uvumilivu, virusi vinavyoshindwa kuanza kazi pale ambapo vingeleta ulemavu.

Kutoka Moscow hadi Ruzizi

Nchini Marekani watoto wengi walikuwa wamekwisha kupata sindano ya Salk, kwa hiyo Sabin alitafuta nchi nyingine. Katikati ya vita baridi alishirikiana na Mikhail Chumakov wa Umoja wa Kisovieti. Kufikia mwisho wa mwaka 1960, zaidi ya watu milioni 70 huko walikuwa wamepewa chanjo yake. Jumapili tarehe 24 mwezi wa nne 1960, watoto wa Cincinnati nao walianza kuipata. Marekani iliidhinisha aina moja moja kati ya 1961 na 1962, na zote tatu pamoja mwaka 1963. Sabin hakuandikisha chanjo hiyo kuwa mali yake.

Kongo nayo imo katika historia hiyo, ingawa kwa chanjo ya mshindani wake. Mwanzoni mwa 1958, chini ya utawala wa Wabelgiji, watu zaidi ya 200,000 wa bonde la Ruzizi walipewa mdomoni chanjo hai ya Hilary Koprowski. Mwishowe ni virusi vya Sabin vilivyochaguliwa na kusambazwa karibu dunia nzima.

Jambo alilokataa kulikubali

Udhaifu unaotegemea herufi chache unaweza kupotea. Virusi vya chanjo vikizaliana utumboni, herufi ile ya mwanzoni inaweza kurudi ilivyokuwa. Mara chache sana, mtoto aliyepewa chanjo hupooza. Ripoti za namna hiyo zilianza Marekani miaka ya 1960, na Sabin alizipinga kwa miaka mingi. Mwaka 2000 Marekani iliacha vitone na kubaki na sindano.

Katika maeneo ambamo watoto wengi hawajachanjwa, hatari huwa kubwa zaidi. Virusi vya chanjo hupita kutoka mtoto hadi mtoto kwa miezi mingi, vikibadilika kidogo kidogo, hadi vinapata nguvu ya kupoozesha. Kongo, ambayo haijapata mgonjwa wa polio ya asili tangu mwisho wa 2011, imeteswa na virusi vya namna hiyo.

Kwa sababu hiyo wataalamu walitengeneza chanjo mpya ya aina ya pili, iliyoanza kutumika mwaka 2021. Walichukua kirusi cha Sabin na kukaza udhaifu wake pale pale mwanzoni mwa uzi, ili kisiurudishe kwa urahisi. Hata hivyo, mwaka 2023 ilitangazwa kwamba virusi vilivyotokana na chanjo hiyo mpya viliwapata watoto sita Tanganyika na Kivu Kusini, na mmoja Burundi. Chanjo imeimarishwa, lakini haiwezi kuchukua nafasi ya watoto waliokosa.

Sabin hakuyaona hayo. Mwaka 1983 ugonjwa wa mifupa ya shingo ulimpoozesha yeye mwenyewe na kumletea maumivu makali. Alifariki Washington tarehe 3 mwezi wa tatu 1993, akiwa na miaka 86, akazikwa katika makaburi ya Arlington.

Mjini Goma, mawe ya volkano hufanya kuchimba choo kuwa kazi ngumu, na familia nyingi huchota maji kwa bidoni. Ni mazingira ambayo kirusi kinachotoka na choo na kuingia kwa mdomo hukipenda. Mtoto mmoja aliyefichwa mchanjaji anapogonga mlango hajihatarishi peke yake: anawapa virusi mahali pa kupitia na muda wa kubadilika. Mtoto wa jirani akinywa vitone vyake, njia hiyo huzidi kufungwa.