Ruwej ni jina gani? Maisha ya malkia aliyewaachia Walunda jina lake

Katika Kolwezi, kuanzia Kingamyambo mpaka Dilala na Manika, watoto wanawake wanaoitwa Ruwej si wengi. Mtu wa Kapanga ao wa Sandoa akisikia jina hilo hana haja ya kuuliza. Lakini mtu aliyefika kutoka Bukavu, Kalemie ao Kisangani kutafuta kazi ya mine anaweza kufikiri ni jina la kizungu lililopotoka ku mdomo. Kumbe ni jina la hapa hapa Lualaba, na limepita miaka zaidi ya mia tatu.

Mwenye jina hilo wa kwanza alikuwa mwanamke aliyepewa utawala na baba yake, wakati alikuwa na ndugu wanaume wawili. Kisha utawala ukaenda mikononi mwa bwana yake. Hakuzaa hata mtoto mmoja. Na bado Walunda wanamhesabu kama mama yao. Mzazi anayempa binti jina la Ruwej anampa habari hiyo yote kwa mara moja, heshima yake na uchungu wake.

Mtoto wa Nkond

Habari za Ruwej zilitunzwa na wazee kwa mdomo, kutoka kizazi mpaka kizazi. Kila mahali zinasimuliwa tofauti kidogo, lakini mti wenyewe ni mmoja. Watu wa historia wengi wanaweka maisha yake katika karne ya 16 ao ya 17, mbele Wazungu hawajafika ndani ya inchi hii.

Alizaliwa kwenye bonde la mto Nkalany, ambao wengine wanauita Kalanyi. Leo ni upande wa teritware ya Kapanga, kaskazini-magharibi ya jimbo la Lualaba. Wakati ule Walunda hawakuwa na ufalme mkubwa. Walikuwa na vijiji, na kila kijiji kilikuwa na mukubwa wake. Wakubwa hao waliitwa tubung. Mmoja kati yao, aliyepita wengine kwa heshima, alikuwa Nkond, na Ruwej alikuwa binti yake. Alikuwa na ndugu wawili wanaume, Chinguud na Chinyam.

Alama ya utawala ilikuwa lukan, bangili iliyosokotwa kwa mishipa ya watu. Haikuwa pambo la kuvaa ku karamu. Mwenye kuvaa lukan njo mwenye inchi. Kila mtu alifikiri kwamba siku Nkond atakufa, bangili itaenda kwa mtoto mwanaume.

Chungu cha maji kilichobadilisha ufalme

Siku moja Nkond alikuwa amekaa anasuka mikeka. Pembeni yake kulikuwa chungu cha maji ya kulowekea nyuzi, na maji yale yalikuwa yamegeuka meupe sawa malafu. Chinguud na Chinyam wakafika wakiwa wamelewa. Walipoona chungu wakafikiri baba yao anawaficha pombe. Mzee akawaeleza kwamba ni maji tu. Hawakusadiki. Wakamtukana, wakampiga, wakamwacha amelala chini.

Ruwej njo aliyemwokota baba yake. Alimwosha, akamlisha, akalala karibu naye usiku na muchana. Nkond hakupona. Mbele ya kufa aliwaita wakubwa, akawanyima wana wake wanaume urithi, na akaagiza lukan ivalishwe binti yake. Wakubwa wakakubali, na Ruwej akawa mtawala wa Walunda.

Sehemu hii njo inayopendwa sana na wazee wakisimulia, juu inaonyesha sababu ya uchaguzi ule. Nkond hakuangalia nani ni mwanaume, aliangalia nani alibaki naye wakati wa mateso. Katika familia nyingi za leo, kutoka Kolwezi mpaka Goma, urithi ukifika bado watoto wanawake wanasukumwa pembeni, hata kama ni wao waliomtunza mzazi ku hospitali. Habari ya Ruwej ni ya zamani, lakini ugomvi wake unajulikana katika kila lupango.

Mwindaji aliyetoka Buluba

Ruwej alitawala pamoja na wakubwa wa vijiji. Walimsaidia na walimlinda, juu ndugu zake hawakuwa wamesahau hasira yao. Wakati huo akafika mgeni, Chibinda Ilunga, mwindaji wa ukoo wa wafalme wa Waluba. Alitoka mashariki akifuata nyama za pori, akapiga kambi karibu na mto. Watu wa Ruwej wakamkuta pale, wakapeleka habari kwa malkia, na malkia akamwita.

Masimulizi yanamweleza Chibinda kama mtu wa adabu, hodari wa upinde, anayejua namna ya kutawala iliyokuwa bado mpya kwa Walunda. Ruwej alimpenda, wakaoana.

Kisha ikafika siku iliyobadilisha kila kitu. Kwa desturi, mwanamke akiwa katika siku zake za mwezi alikaa pembeni, na hakuruhusiwa kugusa vitu vitakatifu vya utawala. Lukan haikuweza kubaki mkononi mwake siku zile. Ruwej akaitoa, akamvalisha bwana yake. Masimulizi mengine yanasema alimpa kwa muda tu, na mengine yanasema alimtangaza mbele ya wakubwa kwamba tangu siku ile yeye njo mtawala. Kwa vyovyote, bangili haikurudi ku mkono wa Ruwej.

Ndugu zake hawakuvumilia. Kutawaliwa na dada ilikuwa ngumu, lakini kutawaliwa na mgeni ilipita kipimo. Chinguud akakusanya watu wake akaenda magharibi, mpaka upande wa Angola, na Waimbangala wa ufalme wa Kasanje wanamhesabu kama shina lao. Chinyam akaelekea kusini, na machifu wa Waluvale wa Zambezi ya juu wanataja jina lake katika ukoo wao. Njo maana leo mtu akiuliza Walunda, Wachokwe, Waluvale na jirani zao ni ndugu namna gani, wazee wengi wanaanzia palepale, ku chungu cha maji cha Nkond.

Malkia bila mtoto

Ndoa ya Ruwej na Chibinda haikuleta mtoto. Kwa mwanamke wa kawaida hiyo ilikuwa tayari huzuni kubwa, na kwa malkia ilikuwa hatari kwa inchi yote, juu bila mrithi vita ingeanza tena. Ruwej akafanya jambo ambalo wanawake wengi wangeshindwa kulifanya: akampa bwana yake bibi mwingine, jina lake Kamong. Kamong akazaa, na katika uzao wake walitoka wafalme wa Walunda. Mmoja wao aliitwa Yav. Jina lake likageuka cheo, na mpaka leo mfalme wa Walunda pale Musumba anaitwa Mwant Yav.

Mtu anaweza kusema Ruwej alipoteza yote: bangili, ndugu, na nafasi ya kuitwa mama kwa njia ya kuzaa. Lakini Walunda hawakuhesabu vile. Katika baraza la Mwant Yav kuna cheo cha Nswan Murund. Ni mwanamke anayekaa katika nafasi ya Ruwej mwenyewe, na anahesabiwa kama mama wa Walunda wote. Kuna pia Rukonkesh, mama wa mfalme. Mjerumani Paul Pogge alipofika Musumba mwishoni mwa mwaka 1875, alikuta Rukonkesh akiwa na baraza lake, watu wake na vijiji vyake vinavyomletea kodi. Katika ufalme ambao wanaume walivaa lukan, nafasi ya wanawake haikufutwa, na aliyeifungua alikuwa Ruwej.

Kwa wale wanaomcheka mwanamke asiye na mtoto, na wapo wengi katika vijiji na ku miji, jina hili ni jibu. Walunda walichagua kuwa na mama asiyezaa.

Jina moja, matamshi mengi

Mtu akitafuta habari za malkia huyu anaweza kupotea, juu jina lake linaandikwa kwa njia nyingi: Ruwej, Rweej, Luweji, Lueji. Wote ni mtu mmoja. Walunda wa Musumba, wanaojiita Aruund, katika lugha yao wanatamka r pahali ambapo majirani wanatamka l, na wanakata sauti ya mwisho ya neno. Njo vile Nkonde anakuwa Nkond, Lukonkesha anakuwa Rukonkesh, na Lueji anakuwa Ruwej. Wareno walioandika wakiwa Angola walisikia matamshi ya majirani, njo maana kule Lueji imeenea kupita Ruwej.

Juu ya maana ya neno lenyewe, watu wanapenda kulisogeza karibu na mwezi wa mbinguni. Katika Kichokwe na Kiluvale mwezi unaitwa kakweji, na sauti yake iko karibu sana na Lueji. Habari ya bangili nayo ina mwezi ndani yake, kwa sababu ya siku zile za kukaa pembeni. Lakini kufanana kwa sauti peke yake si ushahidi wa asili ya jina. Maana ambayo kila mzee wa Kapanga anaweza kuieleza haitoki ndani ya silabi, inatoka ndani ya maisha ya mwenye jina.

Hapo desturi ya Walunda inasaidia kuelewa. Kwao mrithi wa cheo harithi kiti peke yake. Anarithi jina la aliyekufa, na pamoja na jina anarithi ndugu zake, wana wake na ahadi zake. Chifu wa leo anaweza kumwita chifu mwingine yaya, juu wale wa kwanza waliokuwa na majina hayo walikuwa mtu na yaya yake, hata kama ni karne tatu zilizopita. Kwa njia hiyo mtu mkubwa hafi kabisa, anabadilisha mwili tu. Katika familia za kawaida pia, mtoto akipewa jina la mzee anakuwa ndoyi yake, na watu wanamheshimu kama mzee mwenyewe. Kumwita mtoto Ruwej basi si kumpamba. Ni kumkalisha karibu na malkia.

Jina lilivyosafiri

Ufalme wa Walunda ulikua sana katika karne ya 17 na ya 18. Ulifika mpaka Kwango upande wa magharibi, na mashariki ulivuka Lualaba, inchi ya chumvi na shaba, mpaka Luapula kwa Mwata Kazembe. Kila pahali wakubwa wa Walunda walipokwenda, habari ya Ruwej na Chibinda ilikwenda nao, juu ilikuwa hati yao ya kuonyesha walitoka wapi.

Kati ya mwaka 1884 na 1888, Mreno Henrique Dias de Carvalho alisafiri mpaka kwa Mwant Yav, akaandika masimulizi hayo kwa urefu. Wachongaji Wachokwe walichonga sanamu za Chibinda Ilunga ambazo leo ziko katika makumbusho makubwa ya Ulaya na Marekani. Mwaka 1989 mwandishi wa Angola Pepetela alitoa kitabu cha riwaya chenye jina la Lueji, na mwaka 2009 Angola ilifungua chuo kikuu pale Dundo kinachoitwa Lueji A'Nkonde, ni kusema Lueji mtoto wa Nkond.

Ku upande huu wa mpaka, majina ya mababu yalipata nguvu mwaka 1972, wakati Mobutu alikataza majina ya kikristo na kila raia wa Zaire alipaswa kutafuta jina la asili. Siku hizi, majina ya ubatizo yamerudi, na wazazi wengi wanachagua jina wanalolisikia ku televisheni ao ku simu. Jina la babu linaandikwa nyuma, na mara mingi mtoto hajui hata lilitoka kwa nani.

Njo maana Ruwej wachache wa Kolwezi wanastahili kuelezwa mapema. Mji wao ulijengwa juu ya shaba, na watu wake walitoka pande zote kuja kuchimba. Katika mji wa namna hiyo ni rahisi kufikiri kwamba historia ilianza na kompanyi. Binti mwenye jina la Ruwej anabeba historia iliyoanza zamani zaidi, ku bonde la Nkalany, na mtoto mwanamke aliyekaa pembeni ya baba yake mgonjwa wakati ndugu zake walikuwa wamelewa. Wakimuuliza ku lekole jina hilo ni la wapi, anaweza kujibu kwamba ni la nyumbani.