Ted Willis, Mwandishi Aliyemfufua Konstebo Dixon

Si jambo la kawaida askari aliyekwisha kuuawa kurudi tena lindoni. Lakini konstebo George Dixon wa London alipigwa risasi katika filamu ya mwaka 1950, na mwaka 1955 akaonekana tena katika televisheni, amesimama chini ya taa ya buluu ya kituo chake, akiwapigia raia saluti na kuwaamkia. Dixon alikuwa mtu wa kubuniwa, na aliyemrudishia uhai ni mwandishi Ted Willis. Leo tunapenda kuwasimulia ndugu zetu askari na polisi maisha ya mwandishi huyo, kwani ni wachache kati ya wenye kalamu walioitafakari kazi ya mlinzi wa usalama kwa muda mrefu kama yeye.

UTOTO NA SIASA

Edward Henry Willis alizaliwa tarehe 13 Januari 1914 huko Tottenham, kaskazini ya London, katika nyumba ya wafanyakazi maskini. Aliacha shule angali kijana mdogo, akaanza kujitafutia riziki. Njaa na ukosefu wa kazi vilivyowakumba watu wengi wa Uingereza katika miaka ya 1930 vilimsukuma kwenye siasa za mrengo wa kushoto. Mwaka 1937 alikuwa mwenyekiti wa umoja wa vijana wa Chama cha Labour, na mwaka 1941 akawa katibu wa umoja wa vijana wa Kikomunisti, chama ambacho baadaye alikiacha.

Vita Kuu ya Pili ilipozuka alijiunga na jeshi katika kikosi cha Royal Fusiliers. Baadaye alipewa kazi ya kuandika filamu za Wizara ya Vita na za Wizara ya Habari. Hivyo alijizoeza kusema na umma mzima kwa lugha nyepesi, na kuonyesha wajibu wa mtu wa kawaida bila ya kumpamba kupita kiasi. Wakati huohuo alikuwa akiandikia jukwaa la Unity Theatre, lililokuwa la wafanyakazi wa London.

TAA YA BULUU

Mwezi Februari 1948, askari polisi mmoja wa London aliuawa kwa risasi alipokuwa akimhoji mtu aliyemshuku. Muuaji alikuwa mtoro wa jeshi. Taifa zima lilishtuka, maana polisi wa London hawakuwa na desturi ya kubeba bastola katika doria zao za kila siku. Mkasa huo huhusishwa na filamu iliyoitwa The Blue Lamp, yaani taa ya buluu, ile inayotundikwa mlangoni pa vituo vya polisi vya Uingereza. Willis na mwenzake Jan Read ndio waliotunga kisa chake cha awali, na T.E.B. Clarke akauandika mchezo wenyewe. Humo Dixon, konstebo mtu mzima anayekaribia kustaafu, anamkabili kijana jambazi mwenye bastola. Hana silaha mkononi. Anamsogelea kwa utulivu akimtaka aitupe, na kijana anafyatua. Dixon anafariki dunia, na wakazi wa mji, hata baadhi ya wahalifu, wanawasaidia polisi kumnasa muuaji.

Miaka mitano baadaye, Shirika la Utangazaji la Uingereza, BBC, lilihitaji mchezo mpya wa polisi. Willis akamtoa Dixon kaburini. Tarehe 9 Julai 1955 ulianza mchezo wa Dixon of Dock Green, ambao ulikuwa ukionyeshwa Jumamosi jioni. Mwigizaji alikuwa yuleyule Jack Warner, aliyeuawa katika filamu. Mafumbo makubwa ya mauaji hayakuwa msingi wa mchezo huu. Willis aliandika juu ya mtoto aliyepotea, ugomvi wa mume na mke, mwizi mdogo anayeweza kurekebishwa, na mzee anayeishi peke yake. Mwisho wa kila kisa Dixon alirudi chini ya taa, akawaeleza watazamaji mambo yalikwishaje na funzo lake ni nini. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 watazamaji walipita milioni 13. Sehemu 432 zilionyeshwa hadi mwezi Mei 1976. Miaka ya kwanza Willis aliandika nyingi yeye mwenyewe. Baadaye wengine waliendeleza kazi hiyo.

KALAMU YENYE MENO

Asidhani msomaji kwamba Willis alikuwa mwandishi wa mambo mepesi tu. Mchezo wake wa Woman in a Dressing Gown, uliofanywa filamu mwaka 1957, ulieleza maisha ya mke wa nyumbani aliyechoka na ambaye mumewe anataka kumwacha. Mwaka 1958 alitoa Hot Summer Night. Humo kiongozi wa chama cha wafanyakazi anahubiri usawa wa rangi mbele ya watu, lakini binti yake anapotaka kuolewa na mtu mweusi kutoka Jamaika, nyumba yake inawaka moto wa chuki. Wakati ambapo Waingereza wengi waliukwepa ubaguzi kwa kunyamaza, Willis aliuonyesha ndani ya nyumba ya mtu anayejiita mwema.

Mwaka 1959 alikuwa mwenyekiti wa kwanza wa chama cha waandishi wa televisheni na filamu, kilichowatetea katika malipo na mikataba yao. Katika miaka ya 1960 alipewa cheo cha Lodi Willis wa Chislehurst, akaingia katika Bunge la Malodi. Huko alikuwa miongoni mwa waliopigania sheria ya mwaka 1979, ambayo inawapatia waandishi malipo vitabu vyao vinapoazimwa katika maktaba za umma.

DIXON NA POLISI WA KWELI

Hata hivyo Dixon hakukosa wapinzani. Januari 1962 BBC hiyohiyo ilianzisha mchezo wa Z-Cars, ulioanzishwa na mwandishi Troy Kennedy Martin, ambao uliwaonyesha polisi wenye hasira, ulevi na ugomvi wa nyumbani. Wengi wakasema Dixon amepitwa na wakati. Warner mwenyewe alikuwa na umri wa miaka 80 mchezo ulipokwisha. Na mwaka 1977, mwaka mmoja tu baadaye, maofisa wa ngazi za juu wa polisi ya London walihukumiwa vifungo kwa kupokea hongo. Taa ya buluu ilikuwa imeingia moshi.

Je, Willis aliwadanganya watu wake? Sisi hatudhani hivyo. Picha ya askari mwema haiwezi kumfanya askari mbaya awe mwema, lakini humpa raia kipimo cha kumpimia. Waingereza walikasirishwa na hongo ile kwa sababu walikuwa wakijua polisi apaswa kuwa mtu wa namna gani.

Warner alipofariki mwaka 1981, jeneza lake lilibebwa na polisi wa kweli wa kituo cha Paddington Green. Walimzika mwigizaji kama mwenzao. Willis alimfuata tarehe 22 Desemba 1992, akiwa na umri wa miaka 78. Kijana maskini wa Tottenham, aliyeanza kwa kuipinga serikali ya nchi yake, aliwaachia walinzi wake deni: gwanda huogopwa siku ya kwanza tu linapovaliwa, kuheshimiwa kwake hutokana na matendo ya aliyelivaa.