Siti binti Saad: Sauti Iliyovuka Bahari

Jina la Kariakoo latokana na kikosi cha wapagazi wa jeshi la Waingereza katika Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia. Leo mtaa huo husifika kwa biashara, lakini wazee wa Dar es Salaam waukumbuka pia kwa santuri. Katika mitaa ile, ambamo Mtaa wa Pemba na Mtaa wa Mafia ingali na majina ya visiwa vyetu, ilisikika sauti ya mwanamke wa Unguja ambaye vijana wengi wa sasa hawamjui ila kwa jina.

Siti binti Saad alizaliwa kijijini Fumba mnamo mwaka 1880, akaitwa Mtumwa. Jina hilo lilieleza hali ya jamaa zake: baba alikuwa wa asili ya Kinyamwezi na mama ya Kizigua, watu walioonja utumwa. Katika utoto wake hakupata shule wala chuo cha Kurani. Kazi yake ilikuwa kuuza vyungu, akivitembeza na kuvinadi kwa sauti, na huenda huko ndiko kifua chake kilikopata nguvu. Mwaka 1911 alihamia mjini. Huko alikutana na Ali Muhsin, mmoja wa wanachama wa Nadi Ikhwan Safaa, chama cha taarabu kilichoundwa mwaka 1905, naye akamfundisha kuimba.

Yafaa kukumbuka kwamba taarabu ya siku zile ilikuwa starehe ya majumba ya wakubwa, nayo iliimbwa kwa Kiarabu. Siti alikijua Kiarabu cha nyimbo, na Kihindi pia aliimba. Lakini yeye na wenzake, akina Subeti Ambari, Mbaruku mpiga fidla aliyekuwa kipofu, Budda bin Mwendo na Maalim Shaaban, waliipa taarabu lugha ya Ng'ambo. Aliyeimba mbele ya Sultani ndiye huyo huyo aliyewaimbia wachukuzi na wapishi. Wapo waliomcheka kwa sura yake na kwa asili yake, naye hakunyamaza.

Mwaka 1928 kampuni ya His Master's Voice iliwapeleka Bombay kurekodi. Kufikia mwaka 1931 santuri zipatazo 72,000 zilikuwa zimekwisha kuuzwa. Tuipime hesabu hiyo kwa wakati wake: ni wangapi Afrika Mashariki waliokuwa na gramafoni? Santuri moja ilisikilizwa na mkahawa mzima.

Kati ya nyimbo zake upo mmoja unaotuhusu sisi wa Dar es Salaam. Mwanamke wa mji huu, mja mzito, alikwenda Unguja kutembea. Akachukuliwa ngomani na mtu aitwaye Kijiti, akauawa. Muuaji akavuka kukimbilia Bara, na mahakama ya wakoloni ikawatia hatiani wanawake wawili waliokwenda kutoa ushahidi, kwa sababu ya ulevi ulionunuliwa siku ile. Hapakuwa na gazeti la wanyonge la kuiandika dhuluma hiyo. Siti aliiimba, na wimbo ukawa jalada la kesi ambalo hakuna karani awezaye kulificha. Kwa maoni yetu, hapo ndipo ulipo ukubwa wake, kuliko safari ya Bombay.

Siti alifariki tarehe 8 Julai, 1950. Bahati yake ni kwamba Shaaban Robert aliandika wasifu wake, na mwaka 1988 waandishi wa habari wanawake walipoanzisha jarida lao waliliita Sauti ya Siti. Lakini kitabu na jarida si sauti yenyewe. Santuri huvunjika, na nyingine zimelala katika hifadhi za ng'ambo ya bahari. Wakuu wa utamaduni, wa Bara na wa Visiwani, wanayo orodha ya majengo ya kale, na vema. Je, ipo orodha ya nyimbo hizi, ni ngapi zilizosalia na ziko mikononi mwa nani? Mwanafunzi wa Fumba akitaka kumsikia jirani yake huyo, aende ofisi gani?