George Shearing: Kipofu Aliyeona kwa Vidole

Leo nataka niwasimulie maisha ya mtu ambaye labda wengi wenu hamumjui kwa jina, lakini wapenzi wa muziki wa jazi wanamjua dunia nzima. Huyu ni George Shearing, Mwingereza mpiga piano.

Shearing alizaliwa tarehe 13 Agosti 1919 huko Battersea, mtaa wa wafanyakazi jijini London. Alikuwa kitinda mimba katika familia ya watoto 9, na alizaliwa kipofu. Pesa nyumbani zilikuwa haba. Baba yake alikuwa akisambaza makaa ya mawe, na mama yake, akishalea watoto mchana kutwa, usiku alienda kusafisha mabehewa ya gari la moshi. Hebu fikiria, kipofu tena maskini! Wangapi wangesema huyu basi, kazi yake ni kukaa na kungoja kulishwa?

Lakini kijana alianza piano akiwa na miaka 3 tu. Baadaye akasoma Linden Lodge, shule ya vipofu, mpaka alipofika miaka 16, yaani rika letu sisi wa Kidato cha 3. Hapo mambo mawili yakamjia. Alipewa nafasi za kuendelea na masomo ya juu, lakini pia kulikuwa na baa moja mtaa wa Lambeth iliyotaka mpiga piano kwa shilingi 25 za Kiingereza kwa wiki. Akachagua baa, kwa sababu nyumbani walihitaji pesa. Walimu wasije wakadhani nawashawishi mwache shule! Huyu hakuacha kusoma. Alijiunga na bendi ya vipofu watupu, akasikiliza santuri za Teddy Wilson na Fats Waller kutoka Marekani, na kila alichosikia akakitia vidoleni. Jarida la Melody Maker lilipowauliza wasomaji wake nani mpiga piano bora Uingereza, alishinda miaka 7 mfululizo.

Basi si angetulia tu? Wapi! Mwaka wa 1947 alihamia Marekani, na kule sifa zake zote zilikuwa kama hewa. Wapiga piano hodari walikuwa wamejaa New York. Bingwa wa Uingereza akawa anapiga wakati wenye shoo wanapumzika, watu wakiongea na kunywa. Wahenga walisema mtaka cha mvunguni sharti ainame, naye aliinama.

Mwaka wa 1949 akaunda kundi lake la watu 5. Mikono yake miwili ilikuwa ikitembea pamoja kama mapacha, huku gita na vibrafoni zikifuata wimbo uleule. Sauti ikatoka laini sana. Santuri yao ya "September in the Rain" iliuzwa karibu nakala 900,000. Mwaka wa 1952 akatunga "Lullaby of Birdland" kwa ajili ya kilabu moja ya New York. Mwenyewe alisimulia kwamba ilimchukua dakika 10 tu, lakini dakika hizo zilikuwa na miaka mingi ya mazoezi nyuma yake.

Jambo linalonifurahisha zaidi ni hili. Wakati ule Marekani bado ilikuwa inabagua watu kwa rangi, lakini katika kundi lile Denzil Best wa ngoma na John Levy wa besi walikuwa weusi, wengine weupe, na Margie Hyams wa vibrafoni alikuwa mwanamke. Baadaye Levy akawa meneja wa Shearing, na alikuwa miongoni mwa weusi wa kwanza kufanya kazi hiyo katika jazi. Kwa Shearing, sikio ndilo lililoamua nani anafaa.

Mwaka wa 2007 Uingereza ilimpa cheo cha Sir, yeye mtoto wa msambaza makaa. Alifariki New York tarehe 14 Februari 2011, akiwa na miaka 91.

Wenzangu, kila mmoja wetu ana kitu anachokosa: wengine karo, wengine vitabu, wengine hata taa ya kusomea usiku. Shearing alikosa macho, akatumia masikio na vidole alivyokuwa navyo. Je, wewe unavyo vipi?